Kuanzia Magotini Kwenda Chini

Kwa miaka minne watu wa Nakuru, Eldoret, Kericho na kwingineko kwenye baridi waliijua miguu ya Mwenda bila kumjua mwenyewe. Waliiona kwenye simu zao, imesimama juu ya ubao mweupe, imevishwa buti fupi za ngozi zinazokomea juu kidogo ya kifundo. Mara suruali ilikuwa imekunjwa pindo moja, mara imeachwa iguse shingo ya buti, na magotini picha iliishia. Hawakuwahi kuona kiuno wala mkono, seuze uso. Chini ya picha waliandika walichotaka. Wapo waliouliza bei, wapo waliouliza kama soli imeshonwa au imegundishwa tu, na kila baada ya siku kadhaa alijitokeza mmoja wa kusema kwamba jamaa huyu ameumbiwa buti.

Duka lenyewe lilikuwa Malindi, mtaa wa Shela, katika chumba cha chini cha nyumba ya Sahla binti Abdalla. Marehemu baba yake aliuza makubadhi humo maisha yake yote. Sahla aliporithi makabati, wanunuzi wa makubadhi walikuwa wamekwisha kupungua. Kaka yake Mahir, aliyekuwa akipokea marobota ya mitumba huko Mombasa, alimweleza kwamba mara nyingi humo hutoka buti fupi za kiume, ngozi halisi, na hakuna wa kuzinunua kwa joto lile. Sahla akafikiri kwamba kama pwani hazitakiwi, basi bara zinatakiwa. Akamwambia amletee zote. Majirani walicheka kusikia mtu anauza buti za baridi Malindi, lakini baada ya miezi sita walikuwa wakimwona akipeleka mabunda ya vifurushi kwenye ofisi ya mabasi kila Jumatatu na Alhamisi, wakaacha kucheka.

Mwenda aliletwa pale na Kiponda, fundi viatu wa sokoni, ambaye ndiye aliyekuwa akimshonea Sahla soli zilizoachia. Wakati huo Mwenda alikuwa na mwaka mmoja wa vibarua vya kubahatisha mjini. Kabla ya hapo alikuwa Gongoni, kwenye mashamba ya chumvi, akikokota reki ndani ya maji makali mpaka ngozi kati ya vidole vyake ikapasuka na kukataa kupona. Alikuwa mtu wa Meru, mrefu, mpole wa kusema, miaka thelathini na minne. Sahla alimwajiri kusafisha buti na kuzifunga kwenye maboksi. Alimfundisha kupangusa ngozi kwa kitambaa chenye unyevu kidogo, asiiloweshe. Kuipaka mafuta na kuiacha inywe usiku kucha. Kujaza magazeti puani, pale penye vidole, ili buti isilale. Kuipiga brashi ile ngozi ya vinyweleo kama mahameli, ambayo wateja huiita swedi, kwa upande mmoja tu.

Siku moja buti ya kahawia ya kamba ilikataa kukaa vizuri mezani mbele ya kamera. Kila Sahla alipoipiga picha ilionekana kama kitu kilichookotwa. Akamwomba Mwenda aivae asimame. Picha ile ilipowekwa, jozi ile ilinunuliwa kabla ya adhuhuri, na wengine wanane wakauliza kama ipo nyingine. Tangu hapo Mwenda akawa ndiye miguu ya duka.

Sharti la Sahla lilikuwa moja, uso usionekane. Alimweleza sababu mapema ili asije akadhani anadharauliwa. Kwanza, yeye ni mwanamke asiye na mume, na duka lipo chini ya nyumba ya mama yake. Uso wa mwanamume ukiwa kwenye ukurasa wake kila siku, mtaa utapata la kusema. Pili, alisema, mteja akiona uso anamwona mtu mwingine, lakini akiona miguu tu anajiona mwenyewe. Mwenda alijibu kwamba hana neno. Hakumwambia kwamba sharti lile lilimfaa yeye zaidi kuliko lilivyomfaa Sahla.

Jozi zote alizovalia picha zilikuwa namba arobaini na mbili, kwa sababu ndiyo namba iliyouzika kuliko zote. Chini ya soli walibandika utepe wa karatasi ili zisikwaruzike. Akishazivua, alizipangusa, akaondoa utepe, akazitia kwenye boksi la mtu wa mbali. Jioni alivaa malapa yake akaenda nyumbani Muyeye.

Kazi aliyoipenda hasa ilikuwa ya vipimo. Mteja alitakiwa akanyage karatasi jioni, wakati mguu umeshavimba kwa pilikapilika za mchana, akiwa amevaa soksi zilezile atakazovalia buti, achore mzunguko wa unyayo huku kalamu imesimama wima, kisha apime kutoka kisigino hadi kidole kirefu kuliko vyote. Picha za karatasi hizo zilimfikia Mwenda kwa makumi. Baada ya muda aliweza kuona mguu mpana wa mtu aliyekua pekupeku, au kidole gumba kilichopindishwa na viatu vya kubana vya utotoni. Huyu alimshauri achukue ya kamba kwa kuwa kamba hulegezwa, yule mwenye mguu mwembamba achukue yenye mpira ubavuni. Wote aliwaandikia kwamba vidole lazima vipate nafasi ya kucheza, na kisigino kisipande na kushuka mtu anapotembea. Wakimuuliza mavazi, aliwajibu kwamba kahawia ikae na jinzi iliyokoza, nyeusi ikae na suruali ya kitambaa, pindo liguse buti lisirundikane juu yake. Watu walimshukuru. Wengine walimtumia picha wakiwa harusini au kanisani, wamezivaa, wanatabasamu. Alizitazama picha hizo kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

Mchana Bi Shekha, mama yake Sahla, alimteremshia sinia ya chakula. Mwenda alimwamkia shikamoo, naye akaitikia marahaba mwanangu, akamuuliza kama amelala salama, kisha akapanda ngazi kurudi juu. Walikuwa watu wema. Mwezi wa Ramadhani hawakuacha hata siku moja kumfungia futari aende nayo. Lakini sauti zao zilitoka juu, zikicheka, zikiitana, vijiko vikigonga sahani, naye akala chini kati ya maboksi. Kule Muyeye alikopanga chumba, wapangaji walibadilika kila baada ya miezi, na waliobaki walimsalimu bila kulitaja jina lake. Jioni aliketi kitandani akasoma yaliyoandikwa chini ya picha za siku ile. Mara nyingine mtu aliuliza kwa utani, "Na mwenye miguu yuko wapi?" Wengine waliweka vicheko. Yeye alizima simu.

Kulikuwa na kovu. Lilikuwa mguu wa kulia, kwenye muundi, kiasi cha kiganja kimoja juu ya kifundo, limepinda kama ndoana na kung'aa kuliko ngozi iliyolizunguka. Sahla aliliona siku ya kwanza akamwambia avute soksi au ashushe suruali, maana mnunuzi anataka kuona buti, hataki kuona ajali. Hakuuliza lilitoka wapi. Kwa miaka minne Mwenda alivuta soksi.

Mwezi wa Machi bwana harusi mmoja wa Eldoret aliagiza jozi kumi na mbili za kahawia, za mpira ubavuni, kwa ajili yake na wasimamizi wake wote. Alitaka kwanza kuona zinavyokaa na suruali iliyokunjwa juu na bila soksi kuonekana, kwa sababu ndivyo bibi harusi alivyochagua. Siku hiyo Mahir alikuwa akipiga simu kila dakika kuhusu robota lililochelewa, na Sahla alipiga picha tano kwa haraka huku simu nyingine ikiwa sikioni. Alimtumia yule bwana harusi, na ile iliyompendeza zaidi akaiweka kwenye ukurasa. Jioni ndipo alipoona kwamba kovu limetokeza lote juu ya shingo ya buti. Kufikia hapo picha ilikuwa imeshapendwa na watu mia nne. Akaiacha.

Siku ya tatu uliingia ujumbe wa mwanamke, akiuliza mwanamume mwenye kovu anaitwa nani. Sahla alikuwa amezoea wanawake wa namna hiyo, hakujibu. Kesho yake mwanamke yuleyule aliandika tena, safari hii maneno machache. Sahla akamsomea Mwenda, aliyekuwa akitia kamba kwenye buti nyeusi.

"Hebu sikiza. Huyu asema nikuulize kama wamjua Koome."

Mwenda hakuinua kichwa. Aliingiza kamba kwenye tundu, akaivuta mpaka mwisho, akaitoa, akaiingiza upya.

"Simjui," alisema.

Sahla hakuendelea. Alasiri ile uliingia ujumbe wa sauti. Alisikiliza maneno mawili matatu, hakuelewa, akadhani ni mteja wa kwao Mwenda anayeagiza kwa lugha yao. Akaongeza sauti, akaiweka simu mezani ili Mwenda amfasirie.

Sauti ya dada yake, Charity, ikajaa chumba. Mwenda alikuwa hajaisikia kwa miaka saba, wala hakuwa amesikia Kimeru kikisemwa taratibu namna ile, kama mtu anayezungumza na mgonjwa. Charity alisema kwamba kovu lile amelisafisha yeye kwa maji ya moto na chumvi asubuhi na jioni, wiki sita mfululizo, na hata likiwekwa kati ya makovu elfu atalitambua. Alisema kama ndiye, aseme tu. Kama siye, basi huyo mwenye mguu amwie radhi, ni mtu anayemtafuta ndugu yake. Halafu alinyamaza, lakini hakukata. Ikasikika mvua juu ya mabati, na kuku, na mtoto akiuliza kitu kwa mbali.

Mwenda alisimama akatoka nje. Sahla alimsubiri. Aliporudi, macho yamemwiva, alisema ni mtu amekosea, akashika kazi yake. Sahla akaitika.

Siku tatu zilipita. Katika siku hizo Mwenda alituma buti mbili za mguu wa kushoto kwa mteja wa Kericho, akampimia mwingine namba ya mtu wa tatu. Sinia ya Bi Shekha ilirudi juu kama ilivyoshuka. Usiku alisikiliza sauti ile, kwa maana alikuwa amejitumia kwenye simu yake mwenyewe Sahla alipokwenda kuswali. Hakuisikiliza kwa ajili ya maneno. Aliisubiri ile mvua ya mwishoni.

Siku ya nne Sahla alivuta kigoda akaketi mbele yake, jambo ambalo hakuwa na kawaida nalo.

"Koome ni nani?"

"Mdogo wangu."

"Na yuko wapi?"

"Nilimpakia pikipiki nikamwua."

Akamweleza, macho kwenye buti aliyoishika. Walikuwa wametoka sokoni Nkubu, mvua imeanza, Koome ameshika debe la mafuta ya taa kwa nyuma. Koome alimwambia apunguze mwendo. Yeye alicheka, akamwambia anaogopa kama mtoto. Kwenye kona pikipiki iliteleza ikawaburura. Yeye mguu wake ulibanwa chini ya pikipiki. Koome aligonga kichwa kwenye ukingo wa daraja. Alikuwa na miaka ishirini na mmoja. Siku ya maziko watu walipanga mstari kuwapa mkono wafiwa, na mama yao alipofika kwa Mwenda, aliyekuwa ameegemea magongo, alimpita. Hakumtukana, alimpita tu, akamshika mkono jirani aliyefuata. Mwenda alikaa nyumbani mpaka mguu ukapona, na katika wiki hizo sita mama yake hakumwambia neno zaidi ya kumtajia kwamba chakula kipo. Alipoweza kutembea alitoka alfajiri moja akashuka Meru mjini, akatupa laini ya simu mtaroni, akapanda gari la Mombasa. Alisikia kuna kazi ya chumvi Gongoni isiyouliza mtu katoka wapi.

Sahla hakumwambia kwamba ni kudra, wala kwamba si kosa lake. Alichukua kifuniko cha boksi, akaandika juu yake namba ya yule mwanamke, akakiweka mezani. Kisha alipanda juu kwa mama yake, akaurudisha mlango nyuma yake bila kuufunga.

Mwenda alipiga saa kumi na dakika ishirini. Simu iliita mara moja tu.

"Ni mimi," alisema.

Charity hakulia. Aliuliza kama amekula. Mwenda akasema amekula. Akauliza yuko wapi, akamwambia. Aliuliza kama mguu unamsumbua wakati wa baridi, na Mwenda akamjibu kwamba huku hakuna baridi. Hapo ndipo alipopata nguvu ya kuuliza habari za mama.

"Mama alifariki," Charity alisema. "Mwaka juzi, mwezi wa nane. Ilikuwa sukari. Tulikutangaza redioni siku tatu."

Mwenda alishika ukingo wa meza.

"Nisikudanganye, Mwenda. Alikulaumu. Mwaka mzima wa kwanza alikulaumu, akawa hataki hata utajwe ndani ya nyumba. Halafu ikamchosha. Akaanza kukutafuta. Kila gari la Mombasa likisimama pale stendi, alimtuma mtu akaulize utingo kama hajakuona."

"Alisema nini?"

"Kuhusu wewe? Hakusema. Alitafuta tu."

Baadaye Charity alimwambia atume picha. "Ya uso," alisema. "Miguu nimeshaiona."

Mwenda hakuwa na picha ya uso wake hata moja. Sahla aliposhuka alimwomba ampige. Sahla alimsimamisha palepale kwenye ubao mweupe, akainua simu kutoka mahali alipozoea kuishikia, na kwa mara ya kwanza ikamjia sawa na macho. Mwenda hakujua afanye nini na mdomo wake. Picha ilitoka akiwa ameduwaa kama mtu aliyeitwa kwa jina gizani. Aliituma. Jibu lilichukua muda, na lilipofika lilikuwa fupi: mvi zimemtoka mapema, kama marehemu baba.

Wiki mbili baadaye aliomba ruhusa ya kwenda nyumbani. Sahla alimpa, tena akamwambia asifike Meru mwezi wa Aprili na malapa. Achague jozi moja rafuni, yoyote, iwe yake. Mwenda alisimama mbele ya rafu zile kwa nusu saa. Alikuwa amewachagulia watu mia kadhaa, wengine hata majina yao hakuyajua, na hakuna aliyemchukua zaidi ya dakika tano. Sasa alishika moja akairudisha, akashika nyingine akaipindua soli kana kwamba kuna kitu kimeandikwa huko. Za arobaini na mbili zote alikwisha kuzivaa. Alipofumba macho hakuna hata moja aliyoweza kukumbuka ilivyomkaa.

"Jipime," Sahla alimwambia. "Kama unavyowapima wengine."

Akakanyaga karatasi, akachora, akaweka rula. Alipima mara ya pili kwa sababu hakuamini. Mguu wake ulikuwa wa arobaini na moja. Miaka yote minne soksi mbili nene na gazeti la puani ndivyo vilivyokuwa vikimshikiza ndani ya buti za picha, naye alikuwa amezoea kisigino kupwaya mpaka akadhani ndivyo kinavyopaswa kuwa. Sahla alishika kiuno.

"Na siku zote wawaambia watu kisigino kitulie."

Za arobaini na moja zilikuwa tatu tu. Ya swedi aliiacha. Swedi na matope ya Nkubu havipatani. Ya mpira ubavuni ilimbana juu ya mguu, pale mfupa ulipoungana vibaya baada ya ajali. Iliyobaki ilikuwa ya kamba, kahawia nzito, soli ya kushonwa, mkwaruzo mmoja mdogo kwenye pua uliofanya wateja waikatae. Aliivaa, akafunga kamba kutoka chini, akizilegeza kidogo pale juu ya mfupa na kuzikaza kifundoni. Alitembea kutoka kabatini hadi mlangoni. Mguu haukuchezacheza ndani. Alirudi akaenda tena, kisha akatoka nje, akatembea mpaka mwisho wa uchochoro, kwenye mchanga, bila utepe chini ya soli.

Alifika Nkubu Ijumaa mchana kukiwa na manyunyu. Charity alikuwa ameahidi kumpokea, naye alimwona kwa mbali kwenye baraza ya duka la mbegu, amenenepa, amejifunika leso begani. Alikuja moja kwa moja, akampita hatua mbili, akasimama, akageuka. Alimtazama kwanza chini.

"Nilikuwa natafuta zile za mpira," alisema.

Kisha akamshika mkono kwa mikono yake miwili na hakuuachia mpaka walipofika nyumbani.

Mwenda alikuwa amejitayarisha kwa mambo mawili, kufukuzwa au kukumbatiwa. Hayakutokea. Alipewa chai. Mume wa Charity, aliyeoa pale baada ya Mwenda kuondoka, alimkaribisha kwa adabu, akamuuliza habari za pwani na kama ni kweli samaki ni rahisi. Watoto walimwita mgeni mpaka mama yao alipowakemea waseme mjomba, na baada ya hapo hawakumwita chochote. Majirani walikuja, wakakaa, wakasema amebadilika, wakazungumzia mvua. Hakuna aliyelitaja jina la Koome. Chumba alicholala zamani kilikuwa na magunia ya mahindi na baiskeli; alitandikiwa sebuleni.

Jumamosi asubuhi alishuka peke yake makaburini, chini ya migomba. La Koome lilikuwa na saruji yenye nyufa. La mama lilikuwa la udongo bado, limeota nyasi, limewekwa msalaba wa mbao wenye rangi nyeupe. Kati yake na la Koome kulikuwa na nafasi ya mtu mmoja, na Mwenda hakutaka kujua ilikuwa imewekewa nani. Alikuwa amefikiria maneno njia nzima kutoka Mombasa. Sasa alisimama matope yakipanda kwenye soli, mvua ikimteremka shingoni, na maneno yenyewe yakawa madogo kuliko mahali alipokuwa. Aliinama akang'oa nyasi juu ya kaburi la mama, akaanza upande wa miguuni akaenda mpaka kichwani. Alipomaliza lile akafanya la Koome. Ilimchukua asubuhi nzima. Charity alimwona kutoka jikoni, akamwacha.

Jumatatu usiku dada yake alimuuliza kama atabaki. Shamba lipo, alisema, na mume wake si mtu wa maneno. Mwenda alisema kazi yake ipo Malindi. Charity akamtazama sana, akasema basi laini isitupwe tena mtaroni. Jumanne alfajiri alimfungia ndizi na majani ya chai, akamsindikiza mpaka barabarani.

Aliingia Malindi Jumatano saa kumi na moja jioni, joto likamkumba kama blanketi. Alipitia dukani kwanza. Sahla alikuwa amejaribu kupiga picha buti zikiwa zimejazwa mchanga, kisha zikiwa zimevikwa kwenye miguu ya kiti, na akamwonyesha huku amekasirika kwa mzaha. Bi Shekha aliinama kutoka kidirishani juu akauliza hali za nyumbani. Mwenda akamwamkia, akajibu kwamba wote ni wazima, na alipokwisha kusema akagundua amesema wote. Hakusahihisha.

Muyeye alifika giza linaanza kuingia. Karibu na lango la nyumba alimopanga kulikuwa na mwanamke Mkamba, Kavata, anayechoma chapati kila jioni. Mwenda alikuwa akinunua kwake mbili kila siku kwa karibu mwaka mzima, na mazungumzo yao yote yalikuwa ya mbili na asante. Safari hii Kavata alimtazama, mkono ukiwa na mwiko umesimama hewani.

"Nilidhani umehama," alisema. "Siku sita. Nimekuwa nikibakiza mbili, mwishowe nazila mwenyewe."

Mwenda hakuwa amefikiri kwamba kuna mtu anayehesabu siku zake.

"Nilikwenda nyumbani," alisema.

"Nyumbani ni wapi?"

Akamwambia. Kavata aliuliza kama huko mvua zimeanza, akasema zimeanza. Akauliza kama mama yupo, akasema hayupo. Kavata alitikisa kichwa pole, akageuza chapati, akamfungia mbili kwenye gazeti. Nyuma yao mtu alikuwa akiwaita watoto waingie ndani. Mwenda alipokea chapati zake, akasimama kidogo, kisha akasema, "Naitwa Mwenda."

"Najua," alisema Kavata. "Mimi ni Kavata."

Akaenda chumbani kwake, akakaa kitandani, akala chapati zikiwa bado moto, mlango akiwa ameuacha wazi.